Kimbunga kimoja, kila mtu na namba yake! Mnaosambaza hizi "kategoria" mnatuumiza

Wakuu, nina hasira, mnivumilie.

Mei 2024, wiki ya Kimbunga Hidaya, viazi vyangu vya Umalila vilikuwa kwenye Fuso vikielekea Kilwa kupitia Dar. Kwenye grupu la wasafirishaji mmoja katupia skrinishoti: "kategoria 1", yaani daraja la ukali wa upepo wa kimbunga. Mwingine na yake: "kimeshakuwa dhoruba tu". Wakala akaamua gari liondoke, eti upepo umekwisha. Kweli, kimbunga kilifika maeneo ya Mafia kikiwa hoi. Mvua je? Barabara ya Lindi ikakatika kule Somanga, malori yakapanga foleni, lumbesa zangu zikaanza kuchuruzika maji meusi chini ya turubai. Wakala simu hapokei mpaka leo.

Sasa nyie wa skrinishoti, mnajua hizo namba zinatoka wapi?

Kituo cha Météo-France (idara ya hali ya hewa ya Ufaransa) pale kisiwani Réunion, chenye dhamana ya vimbunga vya upande wetu wa Bahari ya Hindi, kinatoa wastani wa upepo wa dakika 10. JTWC, kituo cha vimbunga cha jeshi la Marekani, dakika 1. India dakika 3. Upepo hauvumi sawasawa, kwa hiyo ukichukua dakika 1 unadaka yale mavumo makali. Ukivuta hadi 10, namba inashuka. Shirika la Hali ya Hewa Duniani linashauri, kwa baharini, ya dakika 1 izidishwe kwa 0.93 kupata ya dakika 10. Na hapo bado ni makadirio! Mara nyingi hakuna kipimo ndani ya kimbunga, wataalamu wanasoma picha za satelaiti, na kila mmoja na jicho lake. Ndiyo maana Freddy, kimbunga cha 2023, Réunion waliipa kilomita 230 kwa saa, JTWC wakaipa 270. Hakuna aliyedanganya hapo. Anayedanganya ni wewe unayefuta jina la kituo na kubakiza namba.

Kategoria ndiyo balaa lenyewe. Upepo wa kilomita 120 kwa saa kwa Mmarekani ni kategoria 1, kwa Mwaustralia ni 3. Réunion hawana hata hizo namba, wanasema dhoruba kali, kimbunga, kimbunga kikali.

Tena zote ni za upepo tu! Freddy ilipoua watu Malawi, majirani kabisa wa Kyela, ilikuwa imeshaingia nchi kavu na upepo umepungua. Mvua ndiyo iliyoporomosha milima juu ya nyumba za Blantyre.

Ukitaka kutupia, weka kituo, dakika ngapi, tarehe na saa, halafu mvua inatarajiwa kiasi gani na wapi. Huwezi? Basi tuletee taarifa ya TMA (Mamlaka ya Hali ya Hewa Tanzania) kama ilivyo, usiikate.

Madereva wa njia ya Kilwa na Lindi, nyie huwa mnamsikiliza nani kabla ya kuwasha gari?