Mjadala: Mageuzi ya uchumi ya New Zealand miaka ya 1980 yaliwapa Wamaori haki zao, au yaliwapokonya kazi zao?

MWANZISHA MADA

Wakuu, salaam. Kuna hoja inayorudiwa kila New Zealand inapotajwa kama mfano wa nchi iliyofungua soko ikafanikiwa. Inakwenda hivi: serikali ya chama cha Labour iliyoingia Julai 1984 ilifuta ruzuku, ikaachia bei, ikauza mali ya umma, na katika miaka hiyohiyo Wamaori, wenyeji wa asili wa nchi hiyo, wakasikilizwa mahakamani, lugha yao ikawa rasmi, ardhi ikaanza kurudi. Basi, husemwa, soko huria na haki za wenyeji vilifika kwa jahazi moja.

Mimi nasema si kweli, na naomba tubishane kwa hoja. Haki zile Wamaori walizipata kwa kuwazuia wauzaji mlangoni. Tena waliopata na waliopoteza hawakuwa watu wale wale: haki zilikwenda kwa makabila yenye kesi, hasara ikalala majumbani kwa vibarua.

Tukumbushane kwanza hali ilivyokuwa. Waziri Mkuu Robert Muldoon alikuwa amefungia mishahara na bei kwa amri tangu 1982. Akaitisha uchaguzi wa ghafla, akashindwa, akaacha nchi ikikaribia kuishiwa fedha za kigeni. David Lange wa Labour aliposhinda, dola ya New Zealand ilishushwa thamani kwa asilimia 20 ndani ya siku chache. Waziri wake wa Fedha, Roger Douglas, hakusubiri. Ruzuku za wakulima zikaondolewa. Machi 1985 sarafu ikaachiwa ipangwe na soko. Oktoba 1986 ikaja kodi ya bidhaa na huduma, asilimia 10 kwa kila mnunuzi, tajiri na maskini. Na kiwango cha juu cha kodi ya mapato, kilichokuwa asilimia 66, kikashushwa hadi 48, kisha 33. Halafu tarehe 1 Aprili 1987 misitu, posta, makaa ya mawe na umeme vikatolewa kwenye idara za serikali, vikawa mashirika yanayotakiwa kuleta faida.

Tarehe hiyo ndiyo ya kuitazama, hasa kwenye misitu. Baada ya Vita Kuu ya Pili Wamaori walitoka vijijini kwa wingi. Kufikia miaka ya 1980 karibu wanne kati ya kila watano walikuwa mijini. Kazi walizopewa zilijulikana: viwanda vya nyama, reli, bandari, barabara, kukata miti. Murupara, kando ya msitu mkubwa wa kupandwa wa Kaingaroa, ni mji uliokua kwa sababu ya kazi hiyo ya miti. Idara ya Misitu ilipovunjwa, watu wa miji kama huo waliachishwa kwa mkupuo, na hapakuwa na mwajiri mwingine jirani. Kiwanda cha nyama cha Whakatu, mkoani Hawke's Bay, kilikuwa kimeshafungwa 1986. Reli iliyokuwa na wafanyakazi zaidi ya 20,000 mwanzoni mwa muongo ilibaki na elfu chache tu. Ilipofika 1992, mtu mmoja kati ya kumi wa nguvukazi ya nchi nzima hakuwa na ajira. Kwa Wamaori ilikuwa karibu mmoja kati ya wanne.

Ukitaka kujua mageuzi yalimwangukia nani, anza na pengo hilo.

Sasa kesi. Mkataba wa Waitangi ulisainiwa tarehe 6 Februari 1840 kati ya wawakilishi wa Malkia wa Uingereza na machifu wa Kimaori, katika maandishi mawili yasiyofanana. Kwa Kiingereza machifu walikabidhi mamlaka yote. Kwa Kimaori walikabidhi kawanatanga, yaani utawala wa kiserikali, wakabaki na tino rangatiratanga, uchifu kamili juu ya ardhi na vitu vyao vya thamani. Baraza la Waitangi liliundwa 1975 kusikiliza malalamiko, lakini ya kuanzia mwaka huo tu. Ni 1985 ndipo liliporuhusiwa kurudi nyuma hadi 1840. Kwa hiyo mlango ulifunguliwa, na mara tu baada ya kufunguliwa serikali ikataka kuyahamishia mashirika mapya mamilioni ya hekta za ardhi. Ardhi ikishauzwa kwa mtu binafsi, utamrudishia nani?

Wamaori walipiga kelele hadi kifungu cha 9 kikaingizwa katika sheria ya mashirika hayo: hakuna kitu humo kitakachoiruhusu serikali kutenda kinyume na misingi ya Mkataba wa Waitangi. Mstari mmoja tu. Sir Graham Latimer, mwenyekiti wa Baraza la Wamaori, aliweka shamba lake rehani ili kesi ya kuuzuia uhamishaji huo iende mbele. Juni 1987 majaji watano wa Mahakama ya Rufani, wakiongozwa na Sir Robin Cooke, walikubaliana wote: uhamishaji usimame hadi uwepo utaratibu wa kulinda madai.

Nawauliza wanaosema soko lilileta haki. Mtu anayeweka shamba lake rehani ili kuizuia serikali isiuze, haki hiyo kapewa na muuzaji?

MCHANGIAJI WA KWANZA

Mkuu, umeandika vizuri lakini umeruka jambo. Nchi ilikuwa inafilisika. Mfumuko wa bei mwanzoni mwa miaka ile ulipita asilimia 15, na mfumuko ni kodi ya maskini kuliko hiyo kodi ya bidhaa unayoilaumu. Ulipofika mwanzo wa miaka ya 1990 ulikuwa umeshuka chini sana. Kazi za Idara ya Misitu na reli zilikuwa nyingi kuliko kazi yenyewe. Serikali ilikuwa inawalipa watu kwa deni. Zingekufa tu, labda kwa uchungu zaidi. Na wakulima, wengi wao Wazungu, walifutiwa ruzuku kabla ya wote. Hawakuhurumiwa.

Pili, tazama samaki. Mwaka 1986 serikali iliweka mfumo wa mgawo: haki ya kuvua ikawa mali ya kununuliwa na kuuzwa. Kabla ya hapo nani alijali haki za bahari za Wamaori? Bahari ilipopewa thamani, madai yao nayo yakapata thamani. Wakaenda mahakamani, ugawaji ukazuiwa, 1989 sheria ikawapa asilimia 10 ya mgawo, na 1992 wakapata nusu ya kampuni ya uvuvi ya Sealord pamoja na asilimia 20 ya mgawo wa aina za samaki zitakazoingizwa baadaye kwenye mfumo. Bila soko kusingekuwa na kitu cha kudai.

MWANZISHA MADA

Ndugu yangu, kuhusu kufilisika nakubali, na sitamtetea Muldoon. Reli ilikuwa na watu wengi kupita kiasi, nalo nakubali. Ninachokataa ni namna ilivyofanywa. Mkulima aliyefutiwa ruzuku alibaki na shamba. Angeweza kupunguza kondoo, kulima zabibu, kuuza kipande. Mkata miti wa Murupara alibaki na nyumba isiyo na mnunuzi, kwa kuwa kila jirani naye anauza. Hata Lange aliona. Mwanzoni mwa 1988 alimzuia Douglas asilete kodi ya mapato ya kiwango kimoja, akasema ni wakati wa kusimama na kunywa chai. Desemba mwaka ule Douglas akatoka serikalini, Agosti 1989 Lange mwenyewe akajiuzulu, na chama kikaanguka vibaya 1990. Waliofuata ndio wakazidisha: Aprili 1991 posho za wasio na kazi na za wazazi wanaolea peke yao zikakatwa. Yaani waliachishwa na serikali moja, wakakatwa na nyingine.

Kuhusu samaki, umesema madai yalipata thamani bahari ilipowekewa bei. Kwa wavuvi wa makabila ya pwani bahari ilikuwa na thamani karne nyingi kabla ya mgawo. Na mfumo huohuo uliwatupa nje wavuvi wadogo wa msimu, wengi wao Wamaori, kwa kuwa kipato chao cha uvuvi hakikufikia kiwango cha kuhesabiwa. Mtu mwenye mtumbwi akakosa mgawo, kisha miaka ikapita, na tume ya kabila ikapata hisa katika kampuni. Ni mafanikio, sibishi. Lakini yule wa mtumbwi je?

MCHANGIAJI WA PILI

Kaka, mbona nyote wawili mnaanzia 1984? Moto uliwashwa mapema. Mwaka 1975 mama mzee wa miaka 79, Whina Cooper, aliongoza maandamano ya miguu kutoka kaskazini kabisa hadi mji mkuu Wellington kudai ardhi isizidi kuchukuliwa. Mwaka 1977 watu wa kabila la Ngāti Whātua, wakiongozwa na Joe Hawke, walikalia ardhi yao ya Takaparawhau pale Auckland siku 506, hadi polisi wakawaondoa na kukamata watu 222. Ardhi hiyo ilirudishwa 1988. Douglas anahusikaje hapo?

Na sisi huku tumo katika hadithi hiyo. Mwaka 1974 kule Christchurch, Filbert Bayi aliweka rekodi ya dunia ya mita 1500 akimwacha John Walker wa New Zealand nyuma yake. Miaka miwili baadaye dunia ilisubiri warudiane Montreal, na Bayi hakuwapo: Tanzania ilikuwa mstari wa mbele wa nchi zaidi ya 20 za Afrika zilizosusia Olimpiki kwa sababu timu ya raga ya New Zealand ilikwenda kucheza na makaburu. Walker akachukua dhahabu. Mwaka 1981 makaburu walipozuru New Zealand, raia wa huko waliingia uwanjani Hamilton na mechi ikavunjwa. Ndipo Wamaori wakawageukia Wazungu walioandamana nao, wakawauliza: mnalia kwa ajili ya Soweto, na ya hapa kwenu mmeyaona?

Lugha nayo. Mwaka 1982 akina mama na bibi walianzisha kōhanga reo, yaani kiota cha lugha, watoto wadogo walelewe kwa Kimaori. Vikawa mamia kwa muda mfupi, na vilianza kwa michango ya wazazi. Mwaka 1984 opereta wa simu, Naida Glavish, alikatazwa na wakubwa zake kupokea simu kwa kusema "kia ora"; nchi nzima ikabishana hadi akaruhusiwa. Mwaka 1987 Kimaori kikawa lugha rasmi. Sisi tunaoamka na Kiswahili redioni na bungeni huenda tusijue uzito wa kukatazwa salamu ya kwenu ukiwa kazini.

MWANZISHA MADA

Dada, nashukuru, umenitangulia pale nilipokuwa nakwenda. Hayo yote yalikuwa yakitembea kabla Douglas hajapewa ofisi.

Niongeze moja tu, kwa ajili ya ndugu wa kwanza. Baada ya hukumu ya 1987 serikali ililazimika, 1989, kuuza haki ya kuvuna miti tu, ardhi ikabaki, na malipo ya kukodisha ardhi hiyo yakawekwa katika mfuko hadi madai yaamuliwe. Mwaka 2008 makabila ya katikati ya Kisiwa cha Kaskazini yalikubaliwa kurudishiwa hekta 176,000 za ardhi ya misitu, Kaingaroa ikiwamo. Nilifurahi nilipoisoma habari ile, na bado nafurahi. Lakini mtoto aliyezaliwa Murupara mwaka baba yake alipoachishwa kazi alikuwa na umri wa miaka 21 ardhi ilipokubaliwa kurudi. Alisoma, au aliacha kusoma, katika miaka hiyo. Kama kuna hesabu inayosema kurudi kwa ardhi kulilipa miaka hiyo, iweke hapa tuikague pamoja.