Canon 5D Mark III au Nikon D750, zote mtumba: ipi nibebe?

Nyundo7: Wakuu, habari za jioni. Kuna jamaa Kariakoo ana kamera mbili, Canon 5D Mark III na Nikon D750, bei zinakaribiana. Kesho mchana naenda kubeba moja. Wenye uzoefu shusheni nondo.

Dada Flashi: Mkuu, tukushauri nini sasa? Unapiga nini? Bajeti ni bodi tupu au na lenzi? Shata, kile kipazia kinachofunguka kila picha, zimebofywa mara ngapi?

Nyundo7: Samahani dada. Kitchen party, send-off, harusi, mahafali kidogo. Nina milioni mbili na laki mbili. Shata sijauliza.

Bachu wa Tanga: Nikon, funga mjadala. Kumbi zetu zile za taa za zambarau, ukipandisha vivuli kwenye RAW (faili ghafi la picha) ya Canon ile ya 2012 unaletewa chenga na mistari. D750 ya 2014 inavumilia. Ila mwambie akupe namba ya bodi, maana mwaka 2015 Nikon wenyewe walitangaza kurekebisha bure shata za baadhi yake.

MzeeWaMkanda: Bachu na Nikon yake! Nyundo, ukikwama lenzi Jumamosi saa kumi jioni utamwazima nani? Mjini hapa karibu kila mpiga picha ana Canon. Ila kagua tundu la kadi ya CF, ile kadi pana, kwa tochi, pini moja ya ndani ikipinda umeumia. Na idadi ya shata kwenye Canon hiyo huioni ndani ya picha, mpaka uchomeke kwenye kompyuta yenye programu maalumu. Nikon unaisoma kwenye picha yenyewe. Zote mbili shata ilipimwa kwa mibofyo 150,000.

Kijana Simu: Wazee mnapoteza hela. Simu kali tu inatosha siku hizi.

Dada Flashi: Inatosha status, mdogo wangu. Mimi nampongeza Nyundo kwa kitu kimoja: zote mbili zina matundu mawili ya kadi. Mwaka juzi nilikwenda harusi Morogoro na kamera ya tundu moja. Kadi nilinunua asubuhi ileile dukani, imeandikwa GB 128, nikaikubali kwa macho. Kanisani picha safi, naziona kwenye kioo. Ukumbini, keki inakatwa, ndugu wanacheza na zawadi kichwani, nabofya tu. Nyumbani saa nane usiku nafungua: picha za kanisani zipo, kuanzia maharusi wanaingia ukumbini ni vijivu, faili halifunguki. Kadi ilikuwa feki, ndani ina GB 8 tu, zikijaa inaendelea kupokea kama kawaida huku inaharibu. Nilikaa kitandani na gauni la sherehe mpaka adhana ya alfajiri. Sasa kila kadi mpya naijaza kwanza kwa H2testw, programu ya kompyuta ya kupima ujazo halisi wa kadi, ndiyo itoke nyumbani.

Bachu wa Tanga: Pole dada. Ila tundu la pili, la kadi ndogo ya SD, kwenye 5D Mark III ni zito kuandika, ukiandika kadi zote mbili kamera inasubiri lile zito.

MzeeWaMkanda: Sisi mkanda ulikuwa picha 36, hupigi ovyo. Nendeni Capital Art Studio, Mji Mkongwe Zanzibar, ya tangu 1930, mkaone picha nyeusi na nyeupe za watu waliokaa mbele ya lenzi mara moja wakatulia.

Kijana Simu: Shikamoo mzee. Mkanda wenyewe unapatikana wapi sasa?

MzeeWaMkanda: Marahaba. Fungua uzi wako, usiharibu wa mwenzio.

Nyundo7: Nimesahau kusema, kaka aliniachia lenzi mbili za Nikon, 50mm na 24-120.

Dada Flashi: Yaani umetuzungusha kutwa nzima una lenzi za Nikon ndani?

Bachu wa Tanga: 😂 50mm hiyo ni D au G? Hata kama ni D, ile ya zamani isiyo na mota ndani, D750 ina mota yake, itafokasi.

MzeeWaMkanda: Uza hizo lenzi, chukua Canon.

Nyundo7: Nitawajuza. Jamaa sasa hivi hapokei simu.

Kijana Simu: Dada, na yule bi harusi wa Morogoro mlimalizana vipi?

Dada Flashi: Nilirudisha hela yote. Mama yake tukikutana sokoni ananisalimia vizuri tu, halafu anamwambia mwenzake: huyu ndiye yule mpiga giza.