Mjadala: Aliyewahi kucheza filamu za ngono asipewe kazi nyingine?

Ndugu zangu wa Mtwara na Lindi, naomba hoja, si matusi. Kibanda cha video cha mtaani kwetu kimeambiwa kiache kuonyesha filamu yoyote ya Kihindi aliyomo Sunny Leone. Filamu yenyewe haina uchafu. Kinachomponza ni kazi yake ya zamani.

Mama huyu alizaliwa Kanada mwaka 1981, akapata jina katika filamu za ngono za Marekani. Mwaka 2011 akaingia Bigg Boss ya India, ambako washiriki hufungiwa nyumba moja na kamera haziwaachi, kama ile Big Brother Africa aliyoshinda Idris Sultan wetu mwaka 2014. Akiwa humo humo ndani, mtengenezaji filamu wa India Mahesh Bhatt akamfuata na kumpa filamu. Mwaka 2012 akaonekana Bollywood. Mwaka 2016 mtangazaji mmoja wa India alimbana kwa maswali ya kumdhalilisha. Akajibu kwa utulivu, na Aamir Khan, mwigizaji nyota wa India, akajitokeza kumuunga mkono.

Mimi nasema aachwe afanye kazi. Najua nitaambiwa Kusini tuna maadili. Tunayo! Lakini unyago wetu haujawahi kuona haya kuzungumzia mwili. Kungwi husema yote, ila mahali pake na kwa wahusika. Tunachokataa ni kuanika. Zile filamu za zamani nazikataa kwa sababu hiyo, na Sheria ya Makosa ya Mtandao ya 2015 inakataza kuzisambaza. Mtu aliyeziacha ana kosa gani leo?

Mchangiaji, Masasi: Kaka, mimi ni mzazi. Mtoto akitoka kibandani analitafuta lile jina kwenye simu, na kinachokuja si filamu ya Kihindi. Hilo unalijibuje?

Mleta mada: Dada, hoja yako ni nzito kuliko zote nilizosikia hapa mtaani. Basi tumbane mwenye kibanda asiingize watoto, na simu tuzichunge sisi wazazi. Nasisitiza hili kwa sababu ya mabinti zetu. Wapo ambao video zao zilivujishwa na wanaume waliowaamini, na leo wakiomba hata kazi ya kuuza duka wanafukuzwa. Wewe ukiwa na duka hapo Masasi, binti wa namna hiyo utampokea?