Tumemaliza hadithi ya Warframe: saa chache za usiku na bando dogo tuzitumie wapi?

Mwanga_Juu (Kigoma)

Ndugu zangu, nawasalimu nyote.

Mimi na mdogo wangu tunacheza Warframe, mchezo wa mtandaoni wa kupigana kwa vikosi, hapa Mwanga kwa kompyuta mbili za mezani zinazogawana intaneti ya simu moja, na mara nyingi rafiki yetu wa Uvinza hujiunga nasi akitumia Xbox, jambo lililowezekana tangu wachezaji wa mashine tofauti waruhusiwe kucheza pamoja mwishoni mwa mwaka 2022. Tumemaliza hadithi ya The New War na ile ya Veilbreaker, tumefungua vituo vyote vya ramani ya nyota, na mwezi uliopita mhusika Teshin alitufungulia Steel Path, yaani ramani ileile kwa ugumu mkubwa zaidi. Mimi niko daraja la 16 na mdogo wangu la 14.

Tatizo letu ni kwamba hadi hapo mchezo wenyewe ndio uliokuwa ukituonyesha pa kwenda, na sasa kila tukifungua ramani tunakuta shughuli nyingi zimewaka kwa pamoja bila kujua ipi inastahili muda wetu. Tuna usiku mbili kwa wiki, kama saa tatu kila usiku, na bando ambalo likiisha katikati ya wiki hatuongezi jingine.

Tumejaribu mambo mawili na yote yametushinda. Kwanza tuliingia Mot, kituo cha kuhimili mashambulizi kilichoko Void, kwa kiwango cha Steel Path, tukafa wote dakika ya 12 huku risasi zetu zikiwapiga maadui bila kuwapunguza. Pili, wiki iliyopita tulifika mbele ya Archon Nira, bosi yule mwenye kichwa cha nyoka, uhai wake ukiwa umebaki robo hivi, umeme ukakatika mtaani kwetu. Kompyuta yangu ndiyo iliyokuwa mwenyeji wa kikosi, kwa hiyo misheni ilihamia kwa rafiki yetu wa Uvinza, ikaganda kwenye skrini nyeusi, naye akalazimika kuifunga. Wiki ikaisha bila kurudi tena.

Naomba mnieleze: kwa muda huu mdogo tuanze na nini, na kule Mot tunakosea wapi?

Isevya_Usiku (Tabora)

Mdogo wangu, karibu upande huu wa mchezo, ambao kwa maoni yangu ndio wenye utamu wa kweli.

Kwa mtu mwenye saa sita kwa wiki, shughuli za kutanguliza ni zile ambazo malipo yake yana kikomo cha wiki, kwa sababu ukishachukua fungu lako hakuna anayeweza kukuzidi kwa kukesha. Hesabu ya wiki huanza upya saa tisa usiku kuamkia Jumatatu kwa saa zetu za Afrika Mashariki, kwa hiyo Jumapili usiku bado ni ya wiki inayoisha, na nimeona watu wengi wa huku wakipoteza zawadi kwa kudhani kwamba Jumatatu asubuhi bado wana nafasi.

Archon Hunt iwe ya kwanza kila wiki. Ni misheni tatu zinazofuatana, maadui wakianzia kiwango cha 130 na kufikia 150, na ya mwisho ni bosi mmoja kati ya watatu wanaopokezana: Amar mwenye kichwa cha mbwa mwitu, Boreal mwenye kichwa cha bundi, na huyo Nira aliyewatoroka. Ukimaliza unapata kipande kimoja cha Archon, kito cha kuongeza nguvu, bila kubahatisha, chekundu kwa Amar, cha buluu kwa Boreal na cha manjano kwa Nira, na kuna uwezekano unaoanzia asilimia 20 wa kupata kile chenye nguvu zaidi kinachoitwa Tauforged. Kila warframe, yaani vazi la kivita unalopigania, ina nafasi tano za vipande hivyo. Chekundu cha kawaida, kwa mfano, huongeza asilimia 10 ya nguvu za uwezo wa warframe, wakati Tauforged chake huongeza asilimia 15. Na ile ajali yenu isiwakatishe tamaa, kwani mkishamaliza misheni ya kwanza na ya pili huwa zimehesabiwa, hata bosi akiwashinda mnarudi kwake moja kwa moja ndani ya wiki hiyohiyo.

Baada yake nendeni Duviri, ulimwengu mwingine wa mchezo huu, kwenye shughuli iitwayo Circuit, kwa kiwango cha Steel Path. Hii naipenda kuliko zote, na nitaeleza sababu. Kila wiki huwekwa silaha tano za zamani, nawe unachagua mbili ambazo unataka kupata vifaa vyake vya Incarnon, vinavyoipa silaha ya zamani nguvu mpya. Kifaa cha kwanza hutoka ukifika hatua ya tano na cha pili hatua ya kumi, na maendeleo yako huhifadhiwa hadi Jumatatu, hivyo mnaweza kupiga hatua mbili leo, bando likayumba, mkamalizia keshokutwa. Zaidi ya hayo, mchezo ndio unaokupa warframe na silaha za kuchagua mle ndani, hata zile usizozimiliki, kwa hiyo mtu wa daraja la 14 hatupwi mbali na mtu wa daraja la 30. Mimi niliirudia Braton, bunduki ambayo wengi huiacha siku ya kwanza kabisa, na tangu niiwekee kifaa chake kwa mhusika Cavalero sijaiweka chini. Akibeni tu Pathos Clamp mapema, zile zinazotoka kwa Orowyrm, bosi wa Duviri, maana kifaa hakifungwi bila hizo.

Muda ukibaki, kuna misheni za Netracell kule Deimos, ambazo hulipa mara tano tu kwa wiki na ambazo nazo zinaweza kutoa vipande vya Archon. Humo maadui lazima wauawe ndani ya duara lililowekwa, kwa hiyo anayependa kukimbia mbele peke yake huwachelewesha wenzake. Sortie, ile misheni ya kila siku, iacheni kwa sasa. Zawadi zake ni za kubahatisha mno kwa mtu mwenye bando la kuhesabu.

Binti_Ujiji (Kigoma)

Nakubaliana na kaka wa Isevya kuhusu mpangilio wa wiki, lakini nadhani amelipita swali la pili, ambalo kwangu ndilo kubwa. Kipande cha Archon hakimsaidii mtu ambaye risasi zake hazipiti kwenye deraya ya adui. Kufa dakika ya 12 pale Mot hakusababishwi na udogo wa daraja wala uchache wa vipande. Kunatokana na kadi za modi, zile za kuboresha silaha na warframe, na mpangilio wa nani auawe kwanza.

Mwanga_Juu, kumbuka ile picha ya mwisho kabla hamjafa. Bila shaka kulikuwa na kundi mlangoni, bunduki nzito mbele, na katikati yao dubwana refu lenye mikono mirefu linalotembea taratibu. Hilo ni Corrupted Ancient, na wote waliosimama karibu nalo hupunguziwa maumivu ya risasi zenu, ndiyo maana mnapiga na hamwoni mtu akianguka. Likianguka hilo, wengine hulainika palepale. Karibu nalo huwa yupo Nullifier mwenye tufe la mwanga linalofuta uwezo wote wa warframe inayoingia ndani yake. Tufe hilo halipigwi kwa risasi moja nzito. Hupungua kwa risasi nyingi ndogo zinazofuatana haraka, ama unaingia ndani na kumaliza kazi kwa silaha ya mkononi, mradi usimsahau aliyebaki nje.

Kuhusu kadi, angalieni silaha zenu zina madhara gani. Baridi na sumu zikikaa pamoja huzaa Viral, ambayo ikimpata adui mara 10 huongeza kwa asilimia 325 maumivu yanayoingia kwenye uhai wake. Umeme na sumu huzaa Corrosive, ambayo kwa mara 10 hizohizo huondoa asilimia 80 ya deraya. Mkiwa wawili, mmoja abebe Corrosive na mwingine Viral, na mtaona tofauti usiku huohuo bila kununua chochote.

Kwa upande wa kujilinda, ningewashauri mtoe usiku mmoja kwa ajili ya Arbitration, misheni ngumu za ziada, kabla ya kurudi Steel Path. Huko ndiko inakotoka kadi ya Adaptation, inayojenga kinga dhidi ya aina ya shambulio unalopigwa hadi kufikia asilimia 90, na kwa Vitus Essence 20, malipo ya hukohuko, mnapata Rolling Guard, inayowapa sekunde tatu za kutodhurika mkijiviringisha na kuwasafisha sumu na moto uliowashika. Tangu niiweke hiyo, nimeacha kufa kizembe.

Naongeza jambo moja ambalo halikuulizwa. Kaka yangu ni mvuvi wa dagaa, na usiku wa mbalamwezi, ambapo taa za mitumbwi hazivuti dagaa vizuri, hubaki nyumbani. Hizo ndizo siku tunazowinda Eidolon, wale majitu wa usiku katika nyanda za Cetus. Usiku wa kule hudumu dakika 50 tu, na ndani yake mnatakiwa mumkamate Teralyst, mchukue kito chake, mkipeleke kwenye madhabahu iliyo katika ziwa la Gara Toht ili Gantulyst atoke, kisha mfanye vivyo hivyo kwa ajili ya Hydrolyst. Kuwaua pekee hakutoshi, kwani asipokamatwa kwa vile vyombo vya kumvutia hatoi kito cha kumwita anayefuata. Malipo yake si makubwa kama zamani, lakini sijaona shughuli nyingine inayofundisha kikosi kugawana kazi namna ile: mmoja analinda vyombo, mmoja anavunja ngao, mmoja anapiga magoti ya jitu, na kila mtu anajua zamu yake bila kuitwa.

Fundi_Gungu (Kigoma)

Nitajibu kuhusu kukatika tu, maana mengine yamejibiwa vizuri.

Misheni za Warframe haziendeshwi na seva ya mbali. Mashine ya mmoja wa wachezaji ndiyo hubeba misheni nzima, na kwa kikosi kilichoalikana, kwa kawaida huyo ni yule aliyewaalika wengine na kuianzisha. Kwa hiyo kabla ya Archon Hunt jiulizeni kwanza nani kati yenu ana umeme na mtandao unaoaminika zaidi, na huyo ndiye aalike. Ninyi mlimfanya mwenyeji mtu mwenye kompyuta ya mezani isiyo na betri, katika nyumba ambayo mchezaji wa pili naye yuko palepale. Kama mnaweza kuazima kompyuta mpakato, hata ya zamani kidogo, itumieni hiyo kuwa mwenyeji, kwa kuwa umeme ukikatika betri yake na ile ya simu inayogawa intaneti zitawafikisha mwisho wa pambano.

Jambo la pili, ingieni kwenye mipangilio ya mchezo na kushusha kikomo cha pingi (muda wa ujumbe kwenda kwa mwenyeji na kurudi) cha kutafutiwa wachezaji, ili msiunganishwe na mwenyeji aliye bara jingine mkabaki mnapiga kivuli cha adui aliyekwisha kusogea. Wale wenye ruta ya nyumbani wahakikishe kwamba milango ya mtandao ya UDP, namba 4950 na 4955, iko wazi, kwa sababu ikifungwa kikosi hushindwa kuungana hata kama mtandao una kasi.

Mwanga_Juu (Kigoma)

Shikamoo kaka wa Isevya, shikamoo dada, na fundi pia nakushukuru sana. Nimekaa kimya wiki mbili kwa makusudi, nilitaka nirudi na majibu.

Tuliazima kompyuta mpakato ya binamu, nayo ndiyo imekuwa mwenyeji tangu hapo. Amar tulimshinda Jumamosi ya kwanza, na Boreal tumemshinda juzi, ingawa umeme ulikatika tukiwa katika misheni ya pili: mdogo wangu alitoka, mimi na mwenzetu wa Uvinza tukaendelea kwa betri hadi mwisho. Pale Mot tumefika dakika ya 23 na tukaondoka wenyewe bila kufukuzwa. Mdogo wangu alibadilisha kadi za bunduki yake zikawa Corrosive, nami nikabeba Viral, na kazi yangu ya kwanza kila mlango ukifunguka ilikuwa kulitafuta lile dubwana refu. Nilikuwa naliona kila siku, sikuwahi kujua kwamba ndilo linalowakinga wengine.

Arbitration bado hatujapata Adaptation, tutaendelea. Ninalouliza sasa ni hili: nina kipande kimoja chekundu na kimoja cha buluu, na warframe ninazotumia sana ni Rhino na Excalibur. Nahofia kuviweka mahali pabaya nikavipoteza.

Binti_Ujiji (Kigoma)

Marahaba, mdogo wangu, na hongereni sana kwa hiyo dakika ya 23.

Chekundu kipe Rhino, uchague nguvu za uwezo. Roar, mmoja wa uwezo wake, huongeza asilimia 50 ya maumivu kwa kikosi kizima, na kwa kipande hicho itafikia 55, kwa hiyo mdogo wako na mwenzenu wa Uvinza watakitumia pamoja nawe. Cha buluu kiweke popote kwa sasa. Kipande hakipotei, Helminth, yule kiumbe aliye ndani ya meli yako, anaweza kukitoa na ukakihamisha, isipokuwa anatoza Bile, nyongo anayoipata akilishwa, basi mlishe kwanza kabla hujaanza kuhamisha.

Jumapili mimi na kaka yangu tuko nyumbani, mwezi utakuwa mpevu. Mkitupatia nafasi moja kati ya nne, tutapokezana, na mwenyeji awe huyohuyo mwenye kompyuta ya betri.