Kijana wangu anamaliza sekondari Texas: asaini besiboli ya kulipwa au aende chuo kikuu kwanza?

Mama Baraka

Ndugu zangu, salaam. Sisi ni familia ya Tanga iliyohamia Texas mwaka 2015, na sote tuna ukaazi wa kudumu. Mwanangu ana umri wa miaka 17, yuko mwaka wa mwisho wa sekondari, na ni mrushaji (anayemrushia mpigaji mpira) wa mkono wa kushoto katika timu ya besiboli ya shule yake. Alipofika hapa alijua mpira wa miguu tu; jirani mmoja mzee ndiye aliyempa glavu ya kwanza, na tangu siku hiyo mtoto hakuiweka chini.

Tangu msimu uliopita, wasaka vipaji wa klabu za kulipwa wamekuwa wakija kukaa nyuma ya wavu na vipima kasi vyao, na wawili kati yao wamemwuliza swali linaloninyima usingizi: akichaguliwa, atakubali kusaini kwa fedha kiasi gani? Wakati huohuo, chuo kikuu kimoja kimemwahidi ufadhili wa sehemu ya ada. Baba yake anaona kwamba riziki imebisha hodi na haifai kuambiwa isubiri nje. Mimi nimefanya usafi hospitalini zamu za usiku kwa miaka minane ili mtoto huyu asome. Isitoshe, kocha mmoja wa kukodi alitutoza dola 900 kwa maonyesho ya vipaji ya siku mbili, akatuhakikishia kwamba wasaka vipaji wangejaa, na hakufika hata mmoja. Mwenye kuijua njia hii kutoka ndani, tafadhali anieleze.

Baba Zuhura, Arizona

Mama Baraka, pole na hongera kwa pamoja. Mwanangu mkubwa alipita njia hiyohiyo, kwa hiyo nitakueleza nilichokiona.

Swali la wasaka vipaji si la kupima tamaa ya mtoto, bali ni la hesabu. Drafti, yaani uteuzi wa wachezaji wapya unaofanywa na klabu 30 za Ligi Kuu ya besiboli ya Marekani kila mwezi wa Julai, ina raundi 20 tangu mwaka 2021, na kila nafasi katika raundi 10 za mwanzo imepangiwa thamani yake, yaani kiasi cha fedha za kumsainisha mchezaji. Thamani hizo zikijumlishwa ndizo mfuko wa klabu. Ikiuvuka mfuko huo hutozwa faini, na ikiuvuka kupita kiasi hunyang'anywa nafasi za uteuzi za miaka ijayo. Mchezaji aliyechaguliwa katika raundi hizo asiposaini, thamani ya nafasi yake nayo huondolewa mfukoni. Kwa sababu hiyo hawapendi kumchagua kijana atakayewakatalia, na ndiyo maana wanauliza mapema. Akitaja fedha nyingi kuliko wanavyomthamini, watampita. Akitaja kidogo kwa haraka, hicho kidogo ndicho atakachopewa. Msimruhusu kulijibu swali hilo peke yake uwanjani.

Jambo la pili ni lini mlango utafunguka tena. Akikataa kusaini na kuingia chuo kikuu cha miaka 4, kwa kawaida hawezi kuchaguliwa tena mpaka amalize mwaka wa 3 au afikishe umri wa miaka 21. Akienda chuo cha jamii cha miaka 2, anaweza kuchaguliwa kila mwaka. Watu hupenda kumtaja Mike Trout, aliyechaguliwa wa 25 mwaka 2009 moja kwa moja kutoka sekondari huko New Jersey na kuingia Ligi Kuu akiwa na miaka 19, lakini kijana wa namna hiyo ni nadra mno kuwa kipimo cha watoto wetu. Mimi napenda zaidi kisa cha Aaron Judge. Klabu ya Oakland ilimchagua katika raundi ya 31 mwaka 2010 akitoka sekondari, naye akaenda chuo kikuu cha Fresno State. Miaka mitatu baadaye klabu ya Yankees ilimchagua katika raundi ya kwanza na kumpa dola milioni 1.8. Naye Albert Pujols alikuja Marekani kutoka Jamhuri ya Dominika akiwa kijana, akasoma sekondari Missouri kisha chuo cha jamii, akachaguliwa raundi ya 13 mwaka 1999. Alikataa dola 10,000 za kwanza, akacheza kiangazi kizima, akasaini kwa takribani dola 60,000, na mwaka 2001 alikuwa Ligi Kuu. Hao wawili walisema hapana, na hapana hiyo haikuwafungia njia.

Sasa kuhusu maisha baada ya kusaini, ambayo sisi wazazi huwa hatuyaoni. Kusaini hakumpeleki mtoto Ligi Kuu. Kunampeleka kwenye viwanja vya mazoezi vya Arizona au Florida, kisha ngazi za ligi ndogo kutoka chini kwenda juu, Single-A, High-A, Double-A na Triple-A, na kila ngazi hupunguza watu. Mkataba wa pamoja wa wachezaji wa ligi ndogo na Ligi Kuu wa mwaka 2023 uliinua mshahara wa ngazi ya chini kabisa kutoka dola 4,800 hadi 19,800 kwa mwaka, na wa Triple-A kutoka 17,500 hadi 35,800, ilhali kima cha chini cha Ligi Kuu mwaka 2025 kilikuwa dola 760,000. Mwanangu alisaini akiwa na miaka 18, akapanda ngazi tatu kwa mabasi ya usiku, na akaachwa akiwa na miaka 23. Kilichomwokoa ni kifungu tulichokidai kabla ya kusaini, kinachoilazimu klabu kumlipia masomo ya chuo, mradi aanze ndani ya miaka 2 baada ya kuacha kucheza. Leo yuko darasani kwa fedha hizo. Kifungu hicho kiwemo kwenye mkataba, na kiasi cha kila muhula kiandikwe kwa tarakimu.

Mwalimu Sefu

Naongeza upande wa shule. Chama cha michezo ya vyuo, NCAA, kinamtaka mchezaji wa daraja la kwanza awe na masomo ya msingi 16 na wastani wa alama usiopungua 2.3 kwa kipimo cha 4, na 10 kati ya masomo hayo yawe yamekamilika kabla ya mwaka wa mwisho wa sekondari kuanza. Nendeni kwa mshauri wa masomo wiki hii mkahakikishe, kwa sababu bila ya hayo ahadi ya chuo ni maneno matupu, na klabu nayo ikijua kwamba kijana hana pa kwenda, itampa fedha kidogo.

Ufadhili wa sehemu usiuone kuwa dharau. Kwa miaka mingi timu nzima ya chuo ilikuwa na ufadhili kamili 11.7 tu, uliogawanywa kwa hadi wachezaji 27. Tangu mwaka 2025 vyuo vilivyojiunga na utaratibu mpya wa NCAA vinaweza kumfadhili kila mchezaji katika kikosi cha watu 34, kwa hiyo ni halali kuuliza kama sehemu hiyo inaweza kuongezwa, na kama ahadi ni ya mwaka mmoja au ya miaka yote. Kabla ya kutia saini karatasi yoyote ya wakala, ulizeni ofisi ya kanuni za michezo ya chuo hicho.

Bi Mwanaidi (mtaalamu wa viungo)

Kwa mrushaji, mkono ndio shamba. Mwongozo wa Ligi Kuu na shirikisho la besiboli la Marekani kwa vijana wa miaka 17 na 18 unaruhusu mirusho isiyozidi 105 kwa siku, na akifikisha 81 au zaidi apumzike siku 4. Pia apate angalau miezi 4 kwa mwaka bila kurusha katika mashindano. Maonyesho ya kulipia, kama yale ya dola 900, mara nyingi huangukia miezi hiyohiyo ya mapumziko, na mtoto hurusha kwa nguvu zote mbele ya vipima kasi akiwa hajapasha mkono ipasavyo. Kano ya kiwiko ikikatika, anapoteza mwaka mzima au zaidi.

Kaka wa Kampala

Mama, huku Uganda hatuna drafti. Vijana wetu Umar Male na Ben Serunkuma walisainiwa na klabu ya Dodgers mwaka 2022 bila kupita humo. Wa kumfuatilia ni Tayler Scott, mzaliwa wa Johannesburg aliyesoma sekondari Arizona. Klabu ya Cubs ilimchagua raundi ya 5 mwaka 2011, na aliingia Ligi Kuu mwaka 2019. Mwonyeshe mumeo hiyo miaka 8.

Mama Baraka

Nimemsomea mume wangu majibu yote, na kwenye miaka minane alinyamaza muda mrefu. Tumekubaliana kuandika kiasi kimoja: gharama ya miaka 4 ya chuo, pamoja na fedha za kumtunza katika miaka ya mabasi. Kikipungua hapo, ataenda chuoni. Baba Zuhura, je, kiasi hicho tuwatajie wasaka vipaji sasa, au tusubiri?

Baba Zuhura, Arizona

Subirini msimu wa shule uishe, mkono wake uwe mzima na alama zake ziwe zimetoka. Kisha mtaje kiasi kilekile kwa kila klabu itakayouliza, baba na mama mkiwa mmekaa pamoja naye.