Wifi anataka kumchukua binti yangu asome shule ya serikali ya Kiingereza. Nimwachie?

Mama Vitumbua

Mbukwenyi wana jukwaa, na shikamooni wakubwa zangu. Nasoma nyuzi za humu miaka mingi bila kuandika. Leo limenifika shingoni.

Naishi Chang'ombe, Dodoma, humu humu jijini. Mume wangu ni mwashi. Mimi nauza chai na vitumbua alfajiri pale watu wanaposubiri daladala. Tuna watoto wawili. Mkubwa ni wa kike, ana miaka tisa, yuko darasa la tatu shule ya serikali ya mtaani. Mdogo anaanza awali mwakani.

Darasa la binti yangu lina watoto zaidi ya 160. Wanaingia kwa zamu, wengine asubuhi, wengine mchana. Daftari lake la Hisabati halijasahihishwa wiki ya tatu sasa. Nilienda shuleni nikiwa na hasira zangu, nikamkuta mwalimu kasimama mbele, watoto wamekaa sakafuni mpaka mlangoni, hana hata pa kukanyaga afike nyuma. Hasira iliniisha. Niliondoka bila kusema neno.

Sasa wifi yangu alihamia huku 2019 pamoja na wizara yao, anaishi Ilazo. Mwanawe yuko shule ya msingi ya serikali ya mchepuo wa Kiingereza. Ni shule ya halmashauri ile ile kama yetu, na walimu mwajiri wao ni mmoja, ila pale wazazi wanalipa ada na darasa lina watoto arobaini na kitu. Wifi amesema: "Nipe huyu, ada juu yangu, atalala kwangu Jumatatu mpaka Ijumaa." Mume wangu alikubali palepale, hata chai haijapoa. Mimi tangu siku hiyo silali.

Na kuna jambo jingine. Tulipoenda kwao kutembea, mtoto wa jirani alimuuliza binti yangu kabila lake. Alipojibu, akaambiwa Wagogo ndio ombaomba wa Dar. Usiku nikiwa nakoroga unga wa vitumbua akaja kusimama karibu yangu: "Mama, sisi ni ombaomba?" Nikamwambia kalale. Sikuwa na jibu, na mpaka leo sina.

Nimwachie? Atalelewa kule kama mtoto au kama msaidizi wa kazi? Mdogo wake nitamwambia nini? Nisaidieni jamani.

Kijana wa Kondoa

Dada, mpeleke. Nakuambia kwa uchungu. Nilimaliza la saba kijijini 2009, Kiswahili mwanzo mwisho. Kidato cha kwanza mwalimu wa Baiolojia aliingia akaongea dakika themanini, nikanakili yaliyokuwa ubaoni bila kujua nimeandika nini. Mpaka kidato cha pili nilikuwa nakariri tu. Kulikuwa na wawili waliotoka shule za Kiingereza, hawakutuzidi akili hata kidogo, lakini mkono ukinyooshwa ni wao. Sisi wengine tulijifunza kunyamaza, na kunyamaza huko kumenifuata mpaka kwenye usaili wa kazi.

Sekondari ni Kiingereza, upende usipende. Ukipata mtu wa kumvusha mwanao mapema, mshukuru Mungu.

Binti wa Mpwapwa

Mama Vitumbua, mimi nilikuwa huyo mtoto. Shangazi alinichukua nikiwa darasa la nne. Alikuwa mtu mwema, sitamsema vibaya, ada alilipa hadi nikamaliza. Lakini nilikuwa naamka saa kumi usiku kufagia na kuosha vyombo, binamu zangu wanaamka saa kumi na mbili. Hakuna aliyeniamuru. Ilianza na "nisaidie kidogo", na mimi kwa kuwa nakula kwao niliona aibu kukaa. Sasa mtoto anayeona deni katika kila sahani atasoma saa ngapi?

Ukiamua kumpeleka, kaa na wifi yako mzungumze waziwazi, mume wako akiwepo. Atalala wapi? Sare atafua nani? Kazi za nyumbani zake na za mtoto wa pale ziwe sawa. Na apate simu akupigie jioni bila mtu kusimama pembeni. Wifi mwelewa hatakasirika.

Mwalimu wa Zamu

Nimefundisha darasa la aina hiyo kwa miaka kumi na mbili, kata nyingine ya jiji hili, hivyo yule mwalimu uliyemwona amesimama mbele namjua ingawa simjui.

Mleta mada hakuuliza sana, lakini limo ndani ya maneno yake: kwa nini shule mbili za serikali zitofautiane hivi? Naomba nieleze ninavyoiona kwa macho. Ada na michango ya lazima vilifutwa kwa Waraka wa Elimu Na. 5 wa 2015, utekelezaji ukaanza Januari 2016. Lilikuwa jambo jema. Mwaka ule nilipokea darasa la kwanza ambalo sikuwahi kuliona, watoto wa miaka kumi waliokuwa wakichunga mbuzi wakaja. Fedha ya kuendesha shule ni ruzuku ya shilingi 10,000 kwa kila mwanafunzi wa msingi kwa mwaka. Katika hiyo, 6,000 inakuja shuleni, 4,000 ni ya vitabu. Kiwango hicho ni cha tangu MMEM, ule Mpango wa Maendeleo ya Elimu ya Msingi, 2002, wakati shilingi 10,000 ilikuwa kama dola 10. Leo haifiki nusu yake. Chaki, karatasi za mitihani, kitasa kikivunjika, vyote vimo katika hiyo 6,000.

Ruzuku ni ile ile kwa kila mtoto, wa Chang'ombe na wa Ilazo. Ukisoma makaratasi hutaona upendeleo wowote. Lakini shule ya mchepuo wa Kiingereza ina ada juu yake, na mzazi wa pale akiona choo kimejaa anampigia simu mtu anayemfahamu ofisini. Kwetu mkutano wa wazazi wanakuja bibi ishirini na mama wawili watatu, baba wako vibaruani.

Halafu walimu. Serikali ilipohamia Dodoma, walimu wengi walipata uhamisho wa kufuata wenza wao, na wenza wanakaa Kisasa, Ilazo, Iyumbu. Kila mmoja anaomba shule iliyo karibu na nyumba yake. Siwalaumu, hata mimi ningeomba. Matokeo yake nina rafiki ana vipindi viwili kwa siku, mimi nina vinane, na mshahara wetu ni ngazi moja.

Kiwango cha wizara ni watoto 45 kwa chumba. Watoto 160 ni mikondo minne. Usikubali kuambiwa ndivyo ilivyo. Mradi wa serikali wa BOOST umejenga madarasa na shule mpya za msingi nchi nzima. Kamati ya shule yenu imeandika kuomba? Muulize mwenyekiti wa kamati, kisha Afisa Elimu Kata. Mapato na matumizi ya shule yanatakiwa yabandikwe kwenye ubao wa matangazo, na wewe mzazi una haki ya kuyasoma.

Mama Vitumbua

Mwalimu asante. Hilo la ubao sikulijua. Nimepita pale leo, ubao upo, umebandikwa ratiba ya mitihani ya mwaka jana.

Binti wa Mpwapwa, nimelia nikisoma.

Mzee wa Hombolo

Mwanangu, marahaba. Mimi nimeingia shule 1958, nikiwa na kaniki begani. Wakati ule Tanganyika ilikuwa na shule za Wazungu, shule za Wahindi na shule za Waafrika, kila rangi na bajeti yake, na yetu ilikuwa ndogo kuliko zote. Mjini palikuwa na shule ya watoto wa Kihindi yenye vioo madirishani. Sisi tulikuwa tukienda kusimama nje kutazama vioo. Mwaka 1962, mara tu baada ya Uhuru, mgawanyo ule ulifutwa kisheria, shule zikawa za watoto wote. Baba yangu alitembea kutoka kijijini kuja kuhakikisha kwa macho yake. Ndiyo maana nikisikia leo lango la shule ya serikali linafunguka kwa ada, mwili unanisisimka, hata kama hakuna tena anayeulizwa rangi.

Lakini nimeandika kwa ajili ya swali la mjukuu wangu. Usimwambie alale. Mwambie hivi. Katika vita vile vya kwanza vya Wajerumani na Waingereza, majeshi yalipita Ugogo yakachukua ng'ombe, yakachukua nafaka ghalani, yakachukua wanaume kubeba mizigo. Kisha mvua ikakataa. Njaa iliyofuata, kuanzia kama 1917, babu zetu waliiita Mtunya. Watu walikufa njiani, wengine waliacha kaya zao wakaenda kutafuta chakula kwa majirani. Kuna watoto waliowekwa kwenye nyumba za watu wengine ili wapone. Bibi yangu mzaa mama alikuwa mmojawapo. Mtu aliyenyang'anywa ghala lake akaenda kuomba mtama ili mwanawe aishi, huyo ana kosa gani? Jina likabaki kwetu, walionyang'anya wakasahaulika.

Mwambie pia kwamba anayeamka saa tisa kukaanga vitumbua ni mama yake. Anawaona watu wakinunua kwa pesa zao.

Mtanzania Detroit

Mzee, nimenukuu maneno yako nikamtumia mke wangu.

Mimi ni wa Makole hapo Dodoma, niko huku mwaka wa kumi na moja. Ninachotaka kuongeza ni kuhusu wanaohama. Marekani mwaka 1954 Mahakama ya Juu, kwenye kesi ya Brown, ilitamka kwamba kuwatenga watoto shuleni kwa rangi ni kinyume cha katiba. Watu wakadhani yamekwisha. Lakini hapa Detroit familia nyingi za Wazungu zilikuwa zinahamia vitongoji vya nje, na fedha ya shule huku wakati ule kwa sehemu kubwa ilitegemea kodi ya majengo ya eneo husika. Mwenye nyumba ya thamani akiondoka, alikuwa anaondoka na fedha ya shule. Watu wakaenda mahakamani kuomba watoto wa jiji na wa vitongoji wachanganywe. Mwaka 1974, kwa kura tano dhidi ya nne, mahakama ile ile ilikataa kuviingiza vitongoji katika mpango huo, kwa sababu haikuthibitishwa kuwa navyo vilihusika na ubaguzi. Mwanangu anasoma shule ya umma ya jiji na darasani kwake Wazungu unawahesabu kwa vidole vya mkono mmoja. Miaka yote hii.

Kwetu ruzuku haitegemei mtaa, hilo ni jema na tulilinde. Ila kinachohama Dodoma ni wazazi wenye sauti. Kila mwenye uwezo anampeleka mwanawe kwingine, shule inabaki na wazazi wasio na muda wa kwenda kupiga kelele. Simwambii Mama Vitumbua amfunge mtoto pale ili kutetea shule. Mtoto si bango. Naomba tu, akimhamisha mkubwa, asiihame shule, kwa sababu mdogo anaingia mwakani.

Kijana wa Kondoa

Hili la mdogo sikulifikiria kabisa.

Karani Mstaafu

Ya utaratibu, haraka. Uhamisho unaanza kwa mwalimu mkuu wa shule anayotoka, barua inapita kwa afisa elimu, na taarifa za mtoto zinahamishwa kwenye mfumo wa PREM wa Baraza la Mitihani. Hakikisha namba yake ya PREM unayo na jina limeandikwa sawa na cheti cha kuzaliwa, hapo ndipo wengi wanapokwama. Ujue pia darasa la nne kuna upimaji wa kitaifa, na shule hizo wanaufanya kwa Kiingereza. Shule nyingi za mchepuo huo zitampa mtihani wa kujiunga na zinaweza kumrudisha darasa moja. Usione aibu akirudishwa. Aibu ni kumpeleka darasa la nne katikati ya mwaka akakae kimya kama alivyokaa Kijana wa Kondoa.

Mama Vitumbua

Nimerudi. Samahani kwa kimya, tulikuwa na msiba Bahi.

Jana tulienda kwa wifi, mimi na mume wangu. Nilimweleza yote ya Binti wa Mpwapwa, sauti ikitetemeka. Alinyamaza kidogo, akasema na yeye alilelewa kwa kaka yao mkubwa Tabora na anajua. Tumekubaliana aanze Januari, akirudishwa darasa la tatu sawa. Atalala chumba kimoja na binamu yake, kila mmoja anafua soksi zake, na Ijumaa mume wangu anamfuata.

Binti mwenyewe nilimsimulia habari za Mtunya kama Mzee alivyoagiza. Aliuliza bibi wa Mzee aliwekwa nyumba gani na kama walimrudisha kwao. Mzee, tafadhali nijibu hilo, ananiuliza kila jioni.

Kuhusu mdogo: nimeongea na kina mama tisa tunaouza pamoja kituoni, saba wana watoto shule ile ile. Mkutano wa wazazi ni Jumamosi saa nne. Saa nne ndiyo saa tunayokuwa tumemaliza chai, kwa hiyo tunaenda wote. Mwalimu wa Zamu, naomba uniandikie vizuri hapa swali la ruzuku na la mikondo minne, kwa Kiswahili cha ofisini, nilinakili kwenye daftari nisije nikasahau nikisimama.