Carice van Houten kuwa prodyuza: kajitafutia nafasi au kawabania wenzake?

Wadau hili tuliongee vizuri. Kila akitajwa Carice van Houten, yule Mholanzi aliyecheza Melisandre, mwanamke wa nguo nyekundu kwenye tamthilia ya Game of Thrones 2012 mpaka 2019, lazima atokee mtu aseme staa akianza kuprodyuzi kazi zake mwenyewe anawabania wengine, eti nchi yenyewe ndogo, hela za filamu za kugombania, jina lake linafungua milango halafu nafasi kubwa anajipa yeye. Mimi sikubali.

Kwanza huyu dada hajaanza jana. Gouden Kalf, ndo tuzo kubwa ya filamu kwao, ameshabeba tano, ya kwanza 1999 kwa Suzy Q na ya 2011 kwa kumcheza Ingrid Jonker, yule mshairi wa Afrika Kusini. Katikati hapo ipo muvi ya Zwartboek ya dairekta Paul Verhoeven, 2006. Aliyeiona hawezi kusahau ile sini ya baada ya vita, binti wa Kiyahudi, ndo Carice mwenyewe, anadhaniwa msaliti, yuko nusu uchi katikati ya watu wanaomcheka, linaletwa pipa zima la kinyesi anamwagiwa kuanzia kichwani. Niliiangalia mkono uko mdomoni. Sini yenyewe siipingi, ina kazi yake kwenye hadithi, ila jiulizeni uamuzi wa mwisho ni wa nani, mwili wake uonekane vipi, kamera ikae wapi, ikatwe saa ngapi. Mwigizaji hata kabati lake lijae tuzo anaitwa, anaambiwa simama hapa, anasimama.

Sasa angalieni alichofanya akiwa na kampuni yake, Man Up, aliyoanzisha na shoga yake Halina Reijn (ndo yule yule aliyecheza rafiki yake humo humo kwenye Zwartboek). Wakatoa muvi ya Instinct 2019, mwanasaikolojia wa kike (Carice) anafanya kazi na wafungwa, anaanza kumtamani mbakaji ambaye anatakiwa amtibu. Hiyo skripti mpelekee prodyuza mwoga uone kama hatakwambia mama apunguziwe makali, awe mtu wa kuonewa huruma tu. Wao hawakumpunguza, unakaa unamchukia, unamwelewa, unamchukia tena, na ni mara chache sana mwanamke wa zaidi ya miaka 40 anapewa uhusika wa hivyo.

Hoja ya kujipa nafasi ina ukweli kwenye Red Light ya 2020, hapo nakubali. Tamthilia ina wanawake watatu wakubwa, wawili ni wao wenyewe, Carice kahaba na Halina mwimbaji wa opera, hivyo mwigizaji aliyekuwa anasubiri kuitwa ana haki ya kununa, na ningependa kazi zijazo wabaki nyuma ya kamera wawape wengine.

Ila kwenye Instinct naomba mnitajie aliyebaniwa. Dairekta alikuwa Halina, wakati huo hajawahi kudairekti muvi ndefu hata moja, na Carice akaweka jina lake na sura yake pale wakati hakuna aliyejua itatokaje. Miaka mitano baadaye huyo huyo Halina anamdairekti Nicole Kidman kwenye Babygirl, na Kidman anatoka tamasha la filamu la Venice na tuzo ya mwigizaji bora wa kike. Mnaosema kabania, anzieni hapo.